Neno Lililobaki Nje ya Kamba

Mbuzi walisikika kabla ya kuonekana. Walikuwa wakilia nyuma ya ua wa matete, upande wa barabara, na kilio chao kilipanda juu ya nyimbo za akina mama hadi ndani ya nyumba. Sisi wa upande wa msichana tulikuwa tumeketi chini ya turubai tukijifanya hatusikii, maana desturi yetu inataka hivyo: wakwe wakifika, unawaacha mbuzi wao walie kwanza.

"Ni kama kuna nyama zilipotea huko inje," Papa, baba yangu, akasema kwa sauti ya juu. Watu wakacheka.

"Tuache zilie, Papa," nikajibu. "Zikichoka, benyewe bataomba njia."

Msemaji nilikuwa mimi. Naitwa Kakule, jina tunalompa mtoto wa kiume wa nne wa mama. Ninauza vipuli vya pikipiki katika duka la Idi, hapa Butembo, na hakuna mwalimu aliyenifundisha kutunga. Nilijifunza mwenyewe, kwa kitabu cha nyimbo za kanisa na vidole vya mkono, nikihesabu silabi nane na nane huku wateja wakisubiri. "Kakule," Idi alizoea kuniambia mteja akitaka pedi za breki, "huyu anaomba plaquette ya frein, hapana shairi." Hata hivyo, mtaa mzima ulipokuwa na mahari ulikuja kunitafuta pale dukani. Wazee wenye mvi walikuwa wakiketi, nami nikisimama. Nililipenda jambo hilo kuliko chakula.

Lakini mahari ya siku ile ilikuwa ya dada yangu Gracieuse, anayenifuata kwa kuzaliwa, na alikuwa amenipa neno la kusema.

Gracieuse alikuwa anamaliza chuo kikuu hapa hapa Butembo. Alisomea mambo ya jinsia, "genre" kama wanavyoita wao, na hasa fikra za wanawake weusi: wa Amerika, wa Brazil, wa Afrika ya Magharibi, na wa kwetu, ambao hakuna aliyewahi kuwahesabu kati ya watu wenye fikra. Alipotoka darasani alinipa kisu, tukamenya viazi pamoja, na masomo yake yakaendelea juu ya sufuria. Aliniita yaya, kama tunavyomwita kaka mkubwa.

"Yaya, mutu mweusi akilia, dunia inatafuta mwanaume. Mwanamuke akilia, dunia inatafuta muzungu. Sasa mwanamuke mweusi yeye alilie wapi?"

"Alilie kwangu. Nitamutia mu shairi."

Alicheka mpaka kiazi kikamtoka mkononi. "Unaona? Hata kilio ya wengine unataka kulia weye!"

Siku nyingine aliniuliza jina langu linahesabu nini. Nikamwambia linahesabu watoto.

"Batoto ya nani? Kama Papa alikuwa na bibi wawili, kila mumoja angeanza hesabu yake. Jina yako inahesabu tumbo ya mama. Kila mara batu banakuita, ni kazi ya mama njo banataja. Mais lakini mama mwenyewe, nani anamutaja?"

Nililifanya lile swali kuwa ubeti, nikalisema kwenye harusi moja mtaa wa Furu, na watu wakasimama kushangilia. Sikuwaambia nilikolitoa. Gracieuse alisikia habari. "Maneno yangu ilipigiwa makofi Furu," alisema tu, kisha akaendelea kumenya.

Mémoire yake, yaani tasnifu ya kumalizia chuo, ilihusu mahari yenyewe. Alipanda hadi Masereka, akakaa na wanawake wazee kati ya mashamba ya viazi na vitunguu, akawauliza: siku ya mbuzi zako, wewe ulisema nini? Mmoja alimjibu: "Niliulizwa neno moja, nikajibu neno moja. Tangu siku ile ningali najibu." Gracieuse alirudi na jibu hilo kama mtu aliyebeba yai. Kazi nzima aliijenga juu yake: nani katika nyumba zetu anapewa kinywa, na nani anapewa masikio tu. Ilibaki défense peke yake, yaani kusimama mbele ya walimu na kuitetea kazi yake.

Katikati ya hayo akaja Éphraïm. Mimi simsemi vibaya; ni kijana mpole, walikutana kwenye kambi ya vijana wa kanisa. Baba yake, Papa Ananie wa Beni, ananunua kakao ya wakulima wa Oicha. Shida ilikuwa moja. Papa Ananie alikuwa amesema mbele ya watu kwamba mkaza mwana wake hatalala mji huu huku mume analala mji ule, na kwamba kwa barabara hii ya Beni na Butembo hamtumi mtoto wa mtu kwenda na kurudi kwa sababu ya makaratasi. Kuhusu barabara, ambako magari hushambuliwa, nani angembishia?

Ndipo Gracieuse akanijia.

"Sharti ni moja, yaya. Tunapokea mbuzi kama Beni banakubali mbele ya batu yote: nabaki Butembo mpaka nifanye défense. Bakikubali mbele ya batu, Papa Ananie hawezi kurudi nyuma. Ni mutu wa neno. Sema tu ile. Haina lazima ya shairi."

"Kitu yangu yote ni shairi."

"Basi tia mu shairi. Mais useme."

Nikautunga ubeti usiokuwa na pambo:

*Kabla kamba kufunguka, sikieni sharti letu:*
*masomo yakikatika, msirudi tena kwetu.*

Alinipigapiga gotini kwa furaha. "Wasingya, yaya," akasema kwa Kinande. Asante.

Katika ukoo wetu mambo huenda hivi. Wasemaji wawili wanapambana kwa maneno. Wa upande wa msichana akitosheka, anaita: "Fungueni kamba!" Kamba ya mbuzi wa mbele inafunguliwa, msichana anatolewa ndani, baba yake anamuuliza kama tupokee. Akisema ndiyo, kamba inaingia mkononi mwetu. Lililosemwa kabla ya hapo linamfunga kila mtu. Lililobaki nje ya kamba limebaki nje. Kuna njia moja tu ya kulirudisha: msemaji yule yule asimame mbele ya familia zote mbili na kusema kinywa chake kilikosa. Na kinywa kilichosema hivyo hakiitwi tena kwenye mbuzi za mtu.

Basi siku ile ya mbuzi, watu wa Beni wakaingia. Mbele yao alikuwa msemaji wao, Muzee Kahongya, mwembamba, kofia mkononi, jina lake linajulikana Beni hadi Oicha. Akanitazama toka viatu mpaka kichwa.

"Huyu njo musemaji? Miye nilifikiri ni kijana wa kupanga viti."

"Ni kweli, Muzee, nilipanga viti," nikamjibu. "Yako niliweka karibu na mulango, ukishindwa usitembee mbali."

Vigelegele. Mzee akatabasamu, akaketi, akaanza upya kwa upole.

"Tuliona moshi kwenye mulima, tukajua kuna moto. Tunaomba kaa moja tu."

"Kaa moja likitoka, jiko letu linabaki baridi. Mulileta nini ya kutupasha?"

"Si unabasikia? Balishaka kulia mpaka sauti inakauka."

Tulikwenda hivyo, mimi na yeye, na nilikuwa nakaribia mahali pa sharti. Nilikuwa nimelishika kabisa ulimini. Ndipo Kahongya akaegemea nyuma, akawaambia watu wake kwa sauti ya kutosha nami nisikie:

"Banasema ni mushairi. Shairi gani? Tulisikiaka ile ya Furu, juu ya tumbo ya mama. Ile si ya kijana wa plaquette. Mutu alimuazima."

Damu ikanipanda. Alikuwa amepiga mahali penyewe bila kujua. Nikaacha mpango wote. Nikasimama katikati ya kiwanja na maneno yakaja yenyewe, ambayo sikuwa nimeyatunga wala kuyaazima:

*Mmekuja na makamba, na mbuzi wanaolia,*
*mwamtaka wa kupamba nyumba iliyofifia.*
*Huyu si ua la shamba, lichumwe na kila njia:*
*ni mwanga unaotamba, Butembo yaulilia!*

Turubai lilitikisika. Akina mama waliimba, vijana waliruka, na Kahongya mwenyewe alisimama, akaweka kofia yake chini mbele yangu. Mzee wa namna ile! Nikainua mkono juu, nikaita:

"Fungueni kamba!"

Ndani ya nyumba, Gracieuse alikuwa amekaa na shangazi yetu, tante Agar, kati ya wanawake waliokuwa wakipiga ngoma. Kutoka kule neno moja moja halisikiki. Kinachosikika ni kelele. Alisikia shangwe kubwa kuliko zote akafikiri ni ya sharti lake. Akatoka ameinamisha kichwa chini ya kitenge, tante Agar amemshika kiwiko. Alipofika katikati akainua macho, akanitazama mimi. Hakumtazama Éphraïm.

Wakati ule nilikumbuka.

Nafasi ilikuwepo. Kamba ilikuwa bado mkononi mwao. Ningeinua mkono tu: ngojeni, bado neno moja. Lakini kofia ya Kahongya ilikuwa chini mbele ya miguu yangu, vigelegele bado vilikuwa hewani, na nikaona jinsi uso wa yule mzee ungefunguka kwa kicheko: kijana amesahau! Nikajiambia nitalipanga baadaye na Papa Ananie, mtu na mtu. Nikamtikisia Gracieuse kichwa. Ndiyo.

"Binti yangu," Papa akauliza, "tupokee?"

"Mupokee," akasema.

Siku chache baadaye alikuja dukani. Sanduku la minyororo lilikuwa mikononi mwangu. Idi alimwona uso, akatoka nje bila kuitwa.

"Nilimuuliza Éphraïm kama baba yake hakukasirikia sharti," Gracieuse akasema. "Aliniuliza: sharti gani?"

Nikaweka sanduku chini.

"Ulisahau?"

"Kahongya alinitukana, nikapanda moto, ile ubeti ikakuya..."

"Nauliza, ulisahau?"

"Nilisahau. Halafu nilikumbuka ulipotoka."

"Uliponitikisia kichwa, ulikuwa ulisha kumbuka?"

Pikipiki zilipita barabarani na vumbi likaingia dukani. Alichukua boliti moja mezani, akaizungusha, akairudisha mahali pake.

"Nilisema neno moja," akasema. "Kama ile mama wa Masereka."

Nilimwapia kwamba nitakwenda Beni kutengeneza. Nilikwenda kweli, juma lile lile, na njia nzima nilikuwa nikipanga namna ya kusema. Papa Ananie alinipokea vizuri, akaniletea sucré, yaani soda, ya baridi kwa mkono wake. Mbaya ni kwamba Kahongya alikuwa pale, kwenye kiti cha kamba, kofia gotini.

"Papa," nikaanza, "kuna neno moja juu ya masomo ya Gracieuse. Siye tulifikiri inaeleweka tu, kwamba atabaki Butembo mpaka amalize."

"Inaeleweka na nani?" Papa Ananie akauliza bila hasira.

"Musemaji wa namna hii!" Kahongya akasema. "Mpaka leo batoto ya kwetu banaimba 'mwanga unaotamba'. Na ulikosa nafasi ya neno moja?"

Papa Ananie akaweka chupa yake chini. "Kijana, sikia. Miye sina shida na shule. Nina shida na neno linalokuja kisha ya kamba. Nikipokea hili, kesho lingine litakuya. Mais kama ulisahau, sema tu: nilisahau, kinywa yangu ilikosa. Nitaita familia, tutakaa, tutasikia. Ulisahau?"

Mlango ulikuwa wazi mbele yangu. Kahongya alinitazama, akainua nyusi, akingoja. Na mimi, ambaye maneno hayajawahi kunikauka, nikasema:

"Miye sisahau kitu."

"Basi," akajibu Papa Ananie polepole, "haikukuwa sharti."

Wakafunga ndoa kanisani. Nilialikwa kusema ubeti, nikasema koo linaniuma. Gracieuse akaenda Beni na mabegi yake, mémoire ikiwa imechapwa na kufungwa kwa jalada la kijani. Mama akabaki akisema, "Si hata Beni kuna maisha?" kwa sauti ya mtu anayejiuliza mwenyewe.

Kikao cha défense kilipofika, nilikwenda chuoni. Sijui nilitafuta nini. Nilikaa nyuma kabisa, karibu na dirisha, nikamsikiliza Joyeuse, rafiki yake wa darasa moja. Alisimama wima mbele ya walimu watatu wenye koti. Mmoja alimwuliza kwa dharau kidogo kama haya mawazo ya wanawake wa ng'ambo yana kazi gani hapa kwetu. Joyeuse hakukimbilia kujibu. Alisema wale wanawake hawakumfundisha la kusema. Walimfundisha kutazama kwanza nani ananyamazishwa katika chumba alichomo. "Na katika chumba hiki," akasema, "kuna kiti kimoja kilipaswa kuwa na mtu. Ni mwenzetu aliyeandika kuhusu wanawake wanaosemewa. Hayupo, kwa sababu alisemewa."

Hakunitazama. Sidhani alijua nipo. Watu walipiga makofi. Nimepigiwa makofi mara nyingi maishani, na sikumbuki hata mara moja niliyomwacha mtu mwingine amalize kusema kama nilivyomwacha Joyeuse siku ile.

Kesho yake nikapanda gari kwenda Beni.

Nilimkuta Gracieuse nyuma ya nyumba, akigeuza mbegu za kakao juu ya turubai kwa reki ya mbao. Harufu chungu ya kakao mbichi ilijaa kiwanja. Alifurahi kuniona, na furaha yake iliniumiza kuliko hasira. Akanipa reki ya pili. Tukageuza pamoja, kama zamani na viazi.

"Joyeuse alipita défense?" akauliza.

"Alipita vizuri. Alikutaja."

"Alisema nini?"

Nikamwambia neno kwa neno, bila kuongeza langu. Akaacha kugeuza, akasimama akiegemea mpini. Hapo moto wangu wa siku zote ukawaka.

"Gracieuse, nitaenda redio! Nitatunga shairi batu ya Beni hawajasikia. Huyu Papa Ananie, huyu Kahongya na kofia yake, nitabaweka mbele ya dunia nzima, nitasema..."

"Yaya." Akanyoosha mkono. "Ona. Ulisha anza tena."

Jogoo wa jirani alikuwa akikwaruza pembeni ya turubai, Gracieuse akamfukuza kwa mguu.

"Miye pia nina majuto," akasema. "Usifikiri ni yako peke yako. Nilisoma bale bamama miaka yote. Bote banasema jambo moja: kinywa yako usimuazime mutu, hata mutu anakupenda. Niliandika ile, niliirudia, nilikuwa naijua usingizini. Mais siku ilipofika, niliogopa mama atapata haya, batasema binti yake anajisemea kama mwanaume. Nikaona: Kakule iko, Kakule anasema vizuri. Nikakupa kinywa yangu ubebe." Akacheka kidogo, kicheko kisicho na nguvu. "Na weye uliibeba kweli. Ulienda nayo."

"Éphraïm anasema nini?"

"Éphraïm anasema baba yake ni mutu wa neno. Anasema, kama weye mwenye kufunga unafungua, yeye atanipeleka Butembo mwenyewe. Kuna session ya pili ya défense, mbele ya mwisho wa mwaka. Mais hawezi kuomba yeye. Na miye siwezi kukuomba, yaya. Nilikuombaka mara moja."

Alirudi kwenye kazi. Reki ilikwaruza, ikakwaruza. Nilifikiria duka, na watu wanaokuja pale kunitafuta siku za mahari. Nilifikiria kofia ya Kahongya chini mbele ya miguu yangu. Hakuna aliyewahi kunipa kitu kizuri kama ile kofia, na dada yangu ndiye aliyeilipia. Vidole vyangu, kwa mazoea, vilikuwa vimeanza kuhesabu silabi. Nikavikunja.

"Gracieuse," nikasema, "Jumamosi namuomba Papa Ananie aite familia. Papa atakuya, mama atakuya, tante Agar atakuya. Na Kahongya awe pale, mbele kabisa."

"Kusema nini?"

Nikamwambia.

Gracieuse akaweka reki chini, akapangusa mikono kwenye kitenge.

"Sema tena," akasema. "Kwa nguvu. Éphraïm iko mu nyumba, na yeye asikie."

Nikageukia mlango, nikasema kwa sauti yangu yote, bila vina:

"Nakuahidi, dada yangu. Jumamosi nitasimama mbele ya familia zote mbili na kusema: kinywa changu kilikosa, nilikumbuka sharti la Gracieuse nikanyamaza kwa kiburi. Sitaongeza ubeti hata mmoja. Kisha nitakaa chini, na utasema weye."